Mahali pa Kuvuta Pumzi

Mwikali mwanangu,

Sitakuandikia habari ya sweta. Iko chini kabisa kwenye begi, na najua asubuhi utaitoa uiache kitandani, nami nitairudisha, na baba yako atatucheka sote wawili. Sitakuandikia habari ya gesi wala ya kufunga mlango wala ya kutafuta kanisa huko Nairobi. Hayo nimekuambia mpaka umeanza kumalizia maneno yangu kabla sijafunga mdomo. Mpaka sasa umekuwa ukienda na kurudi, Ijumaa uko jukwaani, Jumatatu uko hapa mjini Sultan unanisaidia kutia vifungo kwenye sare za watoto wa shule. Kesho unahama. Kuna jambo ambalo siwezi kulisema ukiniangalia, kwa hivyo naliandika.

Leo tukila muthokoi ulinipa zile nyaya za masikio ukaniomba nisikize wimbo wako, ule wa majaribio, kabla hamjaingia studio kuurekodi wenyewe. Nikasema naenda kuangalia kama tangi lina maji. Tangi lilikuwa limejaa. Uliniona nikilijaza mchana. Ndipo ukaweka kijiko chini ukaniuliza, "Mum, kwani unanishuku nini?" Nami nikatoka nje, nikasimama karibu na tangi nikilipigapiga kwa kidole kama mtu anayepima nazi.

Ni kweli mimi ni mtu wa kushuku. Baba yako husema hata nikipewa kuku wa bure nitamfungua mdomo nione kama ana meno. Mteja akinisifia mshono, najua kuna kitu anataka kuomba. Mchungaji akinisalimia mara mbili kwa Jumapili moja, najua kuna mchango. Na hao watu wako wa mchezo wa jukwaani nawashuku kuliko wote, wala sijifichi. Huyo mwongozaji anayewaita "familia". Mtu akikuita familia na hajui hata mama yako anaitwa nani, jiulize anatafuta nini. Huyo msichana mtakayekaa naye chumba kimoja, ambaye kila picha yake anacheka meno yote nje, anacheka nini kila siku? Na huyo mwalimu wenu wa nyimbo ndiye ninayemshuku hasa, na sababu utaiona.

Ulinielezea vizuri. Kwanza ilikuwa filamu, ya zamani, ulipokuwa hujazaliwa. Halafu wakaigeuza kuwa mchezo wa jukwaani wenye nyimbo, wakakuchagua wewe uwe yule mwanamke anayeachwa na mume wakati wa kiangazi. Sasa watu wamependa, na wanataka nyimbo zote ziwe rekodi, mtu asikize akiwa kwa gari au jikoni kwake. Nikakuuliza, na zile nguo? Ukasema nguo hazitakuwepo. Nikauliza, na kucheza, na taa, na ule mti wa mbao? Ukacheka ukasema hakuna hata kimoja, kila mtu atasimama mbele ya maiki na jinzi yake. Nikakuuliza basi kutabaki nini. Ukasema, "Sauti tu, Mum. Voice peke yake." Ukaendelea kutia vifungo. Hukuona kwamba sindano yangu ilikuwa imesimama.

Kuna mahali nimeshawahi kusimama ambapo kulibaki sauti peke yake.

Unajua nilizaliwa Matinyani. Unajua susu yako, mama yangu, alikuwa kiongozi wa nyimbo wa mwethya, kile kikundi cha akina mama cha kwenda leo shamba la huyu, kesho shamba la yule. Lakini hujawahi kufanya kazi ya mwethya, hivyo nikueleze. Tulikuwa tunachimba mitaro ya fanya juu, unachimba halafu unarusha udongo upande wa juu wa mlima, ili mvua ikija isiondoke na shamba. Kazi hiyo bila wimbo haiendi. Kiongozi anatoa mstari, wengine wanaitikia, na majembe yote yanapanda pamoja na kushuka pamoja. Kiongozi anavuta pumzi jembe likiwa juu, mwisho wa mstari. Hapo tu. Akivuta mahali pengine, wanawake wanadhani mstari umeisha, huyu anashusha, yule bado ameinua, na jembe la jirani linakukuta mguuni. Susu alinifunza hivyo kabla hajanifunza kusonga ugali.

Basi walikuja watu wa filamu kutoka Nairobi. Walikuwa na gari mbili na mwavuli mkubwa, wakasema wanataka wanawake wanaochimba huku wakiimba. Walipiga picha zao siku nzima. Baadaye mmoja wao, kijana mwenye kile kipaza sauti kilichovikwa manyoya kama paka aliyening'inizwa kwa fimbo, akasema sauti haikutoka vizuri kwa sababu ya upepo. Anataka mtu mmoja aimbe peke yake, karibu, na wengine waendelee kuchimba pole pole nyuma. Wote wakamwangalia susu. Susu akakataa. Akamwambia, "Huu wimbo hauimbwi bila kazi. Na wewe hata hujashika jembe." Kijana akacheka, akadhani ni mzaha.

Mimi nikaona susu anatuaibisha. Nilikuwa msichana wa umri kama wako sasa, nilikuwa nimevaa leso mpya, na nilitaka kuwa kwenye hiyo filamu kuliko nilivyotaka kwenda mbinguni. Nikasema nitaimba. Kijana akasogeza paka wake mpaka mdomoni kwangu. Nikauimba wimbo wa mama yangu, ule unaouliza mvua ililala kwa nani jana, na kwa nini haikupitia kwetu. Huo huo unaouimba wewe. Waliubadilisha maneno wakauweka Kiswahili, lakini sauti ni ile ile, kupanda na kushuka ni kule kule.

Nilipomaliza, kijana akaniuliza ninataka soda gani. Nikasema ya machungwa. Akaniletea, baridi kabisa, nikainywa huku wenzangu wakiniangalia. Aliniuliza soda gani, Mwikali. Hakuniuliza jina. Nami sikumwambia, kwa sababu siku hiyo ndiyo siku pekee maishani mwangu sikushuku mtu.

Filamu ilifika hapa Sultan nikiwa nimeshaolewa na wewe unatambaa. Waliionyesha jioni kwenye ukuta wa ghala, kwa jenereta. Nilikuwa nimewaambia wanakwaya wenzangu wote waje wanione. Nilikuwa nimesuka nywele. Mama Nzioki alikuja na kiti chake na watoto wake wote. Basi ikafika ile sehemu ya wanawake wakichimba. Uso wangu haukuonekana popote. Akatokea mwigizaji mmoja mrefu, mzuri, mikono laini, jembe amelishika kama mtu anayeshika nyoka. Akafungua mdomo, na sauti yangu ikatoka ndani yake.

Nikasimama nikasema, "Huyo ni mimi. Hiyo ni sauti yangu." Wote waligeuka. Halafu Mama Nzioki akasema, "Na hayo meno ni yako pia?" Walicheka mpaka jenereta haikusikika. Kutoka siku hiyo nikawa Mama Sinema. Umesikia watu wazima wakiniita hivyo sokoni ukadhani ni kwa sababu napenda vipindi. Sikuwahi kukusahihisha.

Kicheko cha kwaya ningekimeza. Kilichonikaba ni cha baba yako, naye hakucheka. Tulipofika nyumbani alinishika bega akaniambia kwa upole, "Labda zinafanana tu." Labda zinafanana. Nilikuwa na ushahidi, mwanangu, ushahidi ambao ungewafunga midomo wote na kumfanya baba yako aombe msamaha. Nikaukalia. Nikasema moyoni, kama mtu hawezi kuniamini bila ushahidi, basi asiniamini. Tangu hapo nikawa wa kufungua kila kuku mdomo.

Niliacha kwaya. Nikasema ni koo. Baba yako akaninunulia asali na tangawizi mwaka mzima, maskini. Hukulala kwa wimbo wangu hata siku moja. Ulilala kwa mlio wa cherehani, na labda ndiyo maana mpaka leo unasinzia nikishona. Halafu ukaja ukaanza kuimba mwenyewe, bila mtu kukufunza, ukiosha vyombo. Nilikuwa nikitoka nje. Ulipokuwa sekondari, kikundi chenu cha mchezo wa kuigiza kikafika mbali, mwalimu akanipigia simu kuomba ruhusa ya safari. Nilimwambia una malaria. Hukuwa na malaria. Ulilia siku mbili ukidhani mwalimu alikuacha kwa sababu hakupendi, nami nikakupikia chapati nikakuacha uendelee kumchukia mwalimu wa watu. Hilo ni baya kuliko yote niliyokufanyia, na kama kuna mtu wa kumchukia ulikuwa unakula chapati zake.

Sikutaka ukae mahali ambapo watu wanachukua kitu chako wakakupa soda. Hivyo ndivyo nilivyojiambia. Lakini nikijishuku mwenyewe, maana nami sijiachi, naona nilikuwa na wivu pia. Ulikuwa na mdomo na sauti vyote mahali pamoja.

Ulipokuja kuniambia umepata nafasi, ukanitajia jina la filamu, nilisema "haya" nikaendelea kukata kitambaa. Kichwani nilikuwa nimeshawahukumu wote. Nilisema wanajua. Wamefuatilia wakajua huyu ni mtoto wa nani, wamekosa sauti nyingine kama ile, wamekuja kuchota tena kwenye kisima kile kile. Ndiyo maana nilikuuliza mara tatu walikupata vipi. Ukaniambia mlikuwa mmepanga foleni na namba kifuani kama watu wengine. Sikuamini.

Nikaja Nairobi. Hilo hulijui. Nilikuja mara moja kabla ya ile siku niliyokuja na baba yako. Nilisema nakwenda kununua vitambaa. Nikakaa nyuma kabisa, karibu na mlango, na mkoba mapajani. Ukatoka na jembe lako la jukwaani, ukaanza wimbo. Ulikuwa unaimba vizuri kiasi kwamba nilisahau kuwashuku. Halafu katikati ya mstari wa tatu, mahali pasipo mahali, ukavuta pumzi.

Nilishika kiti cha mbele yangu. Mwenye kiti akageuka.

Nilipokuja na baba yako nikakuuliza mlangoni, kama mtu anayeuliza tu, ni nani alikufunza kuvuta pumzi pale. Ukasema ni mwalimu wa nyimbo. Ulisema ameisikiliza ile filamu mpaka akaichosha, na amewaambia hapo pasiguswe, ndipo pazuri kuliko pote, ni mwanamke ambaye moyo unamkatika. Ukaniambia hata yeye hajui kwa nini yule mwigizaji alivuta pumzi hapo. "Alikuwa genius, Mum," ukasema. Baba yako akaitikia kwa kichwa. Nami nikasema twende, tutachelewa gari.

Tangu siku hiyo sijakaa vizuri na wewe, nawe umeona. Ulidhani nachukia kazi yako. Mimi nilikuwa naogopa unajua na unanificha, halafu naogopa hujui na nikikuambia utasema labda zinafanana. Hilo ndilo ninaloshuku, Mwikali. Sikushuku kwa wizi wala kwa wanaume. Nakushuku kwamba hutaniamini.

Sasa sikiza ushahidi wangu, ambao sikuutoa mbele ya ukuta wa ghala.

Siku ile Matinyani sikuwa mke wa mtu. Baba yako alikuwa akija kule kununua ndengu za tajiri wake, na alikuwa anakaa kuliko ndengu zilivyohitaji. Hakuna aliyejua kuna nini. Hata mimi nilikuwa nashuku tu, sina hakika. Nikaanza kuimba, kijana ameshika fimbo yake, wanawake wanachimba nyuma. Katikati ya mstari wa tatu kitu kikanigusa ndani ya tumbo, kama mtu anayegonga dirisha kwa kidole kimoja. Pumzi ikanitoka. Nikaivuta tena hapo hapo, nikamalizia mstari. Nyuma yangu majembe yakavurugika. Mmoja alijikata kidole cha mguu, na aliongea maneno ambayo watu wa filamu waliyaacha kando.

Kijana wa paka hakuona kitu; alisema ni vizuri sana. Lakini susu alikuwa amesimama na jembe juu. Hakulishusha. Alinifunza mwenyewe mahali pa kuvuta pumzi, alijua siwezi kukosea pale hata nikiwa usingizini. Jioni, tukichambua kunde, aliniuliza bila kuinua macho, "Ni wa huyu wa ndengu?" Nikasema ndiyo. Akasema basi aje na wazee wake. Tukafunga ndoa haraka, na hapa kanisani watu wakaambiwa ulizaliwa kabla ya wakati wako. Ulikuwa mnene, mwanangu. Mama Nzioki alikubeba akasema huyu njiti ameshiba.

Umeelewa sasa kwa nini nilinyamaza mbele ya ule ukuta. Ningewaambia wasikize mstari wa tatu, wangeniuliza kwa nini ulivuta pumzi pale, na ningewajibu nini, na wewe uko mgongoni na kwaya yote inahesabu miezi? Nilichagua kuitwa mwongo wa sinema. Baba yako ningeweza kumwambia peke yake, chumbani. Hiyo haikuwa aibu, ilikuwa kiburi. Leo nilipotoka kwenye tangi nilimkuta nyuma ya nyumba nikamwambia. Halafu akasema, "Na mimi nikakununulia asali." Ameenda kulala bila kula, na sijui kesho ataniangalia vipi. Usimuulize njiani.

Ukitaka kuhakikisha, nenda Matinyani umwimbie susu ule mstari. Usimwambie kitu. Mtazame uso.

Sikuambii uwashuku watu wote. Nimeifanya hiyo kazi kwa niaba ya ukoo mzima na haikunilinda. Watu niliowashuku wengi walikuwa wanacheka tu, kama watu wanavyocheka, na Mama Nzioki ndiye aliyenikalia hospitalini nilipofanyiwa upasuaji. Ningeshuku siku moja tu, dakika ile ya soda, ingetosha. Kwa hivyo mtu akikuuliza unakunywa nini, mwambie kwanza unaitwa nani. Mwambie jina lako lote, na la baba yako, na usubiri uone kama analiandika.

Langu usiwatajie. Usiingie studio ukaanza kugombana na mwalimu wa watu kwa sababu ya mama yako. Hapana, nadanganya. Nataka walitaje. Nimekaa miaka yote hii nikisema sitaki, na nikiwa peke yangu nikishona nalisikia likisomwa. Lakini hilo nitalidai mimi mwenyewe, kwa miguu yangu, na susu akiwa na nguvu nitamchukua, maana wimbo ni wake kabla ya kuwa wangu. Wewe nenda kaimbe.

Na ukifika mstari wa tatu, mwalimu akikuambia uvute pumzi pale, mwambie hapana. Mimi sikukatika moyo. Niligongwa. Nilivuta pale kwa sababu yako, na wewe huna sababu ya kuvuta pale. (Na kama unayo, niambie mimi kabla ya mwalimu.) Vuta mahali susu alipotufunza, jembe likiwa juu, au vuta mahali unapotaka wewe. Hiyo ni sauti yako.

Barua hii nimeiweka ndani ya sweta, kwa hivyo sasa huna budi kuibeba.

Rekodi ikitoka nitaiweka hapa kwenye cherehani, mlango wazi, ipige mpaka barabarani. Mama Nzioki atakuja. Ataniuliza, Mama Sinema, na huyo naye ni wewe? Nitamwambia huyo ni mwanangu, na kwamba hii si mara yake ya kwanza. Nitamwambia ile ya kwanza pia alikuwemo, mstari wa tatu, na sasa ahesabu miezi anavyotaka.

Mimi mama yako,
Mwaitu